Tamthilia za Kijapani: tunalia machozi yao halafu sifa tunawapa Waturuki na Wakorea

#1 Mkwezi wa Pongwe

Wakuu salaam. Uzi huu nimeukalia zaidi ya mwaka, leo nauleta hivi hivi ulivyo.

Nilikwenda Tanga kwa dada yangu nikakaa wiki mbili. Kila usiku watoto wakishalala anachomeka simu kwenye chaji, anajifunika kanga, anaanza kumfuatilia Bahar wa Kadın, yule mama wa Kituruki anayehangaika mjini na watoto wawili. Usiku mmoja nikamkuta analia mpaka kamasi. Nikamwambia, "Dada, huyo unayemlilia kwao si Istanbul. Kwao Japani, na jina lake la kuzaliwa ni Koharu." Aliniangalia kana kwamba nimemwambia shemeji ana nyumba ndogo.

Ndiyo hivyo, wakuu. Kadın (2017 hadi 2020) imetokana na tamthilia ya Kijapani inayoitwa Woman, ya Nippon TV, mwaka 2013. Hata jina la mama hawakulitupa: Koharu linaandikwa kwa alama mbili, "dogo" na "machipuko", na Bahar kwa Kituruki ni machipuko. Kabla ya hiyo, Waturuki hao hao walishachukua Mother ya mwaka 2010 wakaigeuza Anne. Mother ndiyo usiseme kabisa. Wakorea wameirudia, Wachina wameirudia, Wathai, Waukraine, Wafaransa, Wahispania. Na zote mbili zimeandikwa na mtu mmoja, Yuji Sakamoto.

Kilichonifanya nifungue uzi ni hesabu. Woman ina sehemu 11, na sehemu ya kawaida ni kama dakika 45 ukiondoa matangazo. Kadın ina sehemu 81, na sehemu moja ya Kituruki inakaribia saa mbili, nyingine zinapita. Kisa ni kile kile. Sasa saa zote hizo za ziada wamejaza nini? Wamejaza wivu, risasi, na jambo moja kubwa: mume. Kwenye Woman mume amekufa, basi, amekufa. Mjane analala njaa ili watoto wale na hakuna atakayebisha hodi kumwokoa. Kwenye Kadın mume kumbe yu hai.

Silaumu Waturuki, wanajua biashara yao. Lakini ukishaona zile 11 za mwanzo, zile 81 unaziona zimetiwa maji.

Kwa nini 11? Kule televisheni inagawa mwaka mafungu manne: Januari, Aprili, Julai na Oktoba. Kila fungu tamthilia mpya zinaingia, kila moja inatoa sehemu moja kwa wiki, jumla sehemu 10 au 11, zikiisha zimeisha. Mwandishi anaanza akijua anamalizia wapi. Hakuna kumrefushia mtu ugonjwa kwa sababu wadhamini wamefurahi.

Niwape mfano wa namna wanavyoandika. Mother inaanza na mwalimu wa muda, Nao, yuko Muroran kaskazini kabisa, Hokkaido, baridi ya kukata. Yeye fani yake ni ndege wanaohama, watoto hawapendi. Darasani ana mwanafunzi wa miaka 7, Rena, ambaye nyumbani anateswa. Rena ana daftari. Humo anaandika vitu anavyovipenda tu. Kiti kinachozunguka. Soda yenye aiskrimu juu. Mtoto ana alama za kipigo mwilini na kwenye daftari lake hakuna hata mstari mmoja wa kipigo. Usiku mmoja mama yake anamtia kwenye mfuko wa takataka, anaufunga, anauweka nje kwenye baridi. Nao anaukuta. Hapo mwalimu asiyependa watoto anaamua kumwiba yule mtoto awe mama yake.

Aliyemwigiza Rena ni Mana Ashida. Tamthilia inaanza kuonyeshwa alikuwa hajatimiza miaka 6. Mtafuteni muone, halafu mje mniambie habari za waigizaji.

Mfano wa pili ni wa Sakamoto huyo huyo, Quartet, ya kituo cha TBS, 2017. Watu wanne wanapiga fidla na ndugu zake, wanakaa nyumba moja kule Karuizawa. Wamekaa mezani, kuku wa kukaanga wa moto yuko kwenye sahani ya wote. Wawili kati yao wanachukua limau wanakamulia sahani nzima, hawajauliza mtu. Mmoja anakuja juu: kwa nini umekamua? Wanamwambia limau tu hilo. Anasema kuku akishakamuliwa limau harudi tena alivyokuwa. Wanabishana hapo dakika kadhaa, mimi nacheka peke yangu. Kumbe huo si utani. Mbele kidogo yule mama mpole wa kundi, Maki, anasimulia kwamba siku moja aliingia kwenye baa, mumewe yuko humo na rafiki yake, hajui kama mkewe yuko nyuma yake. Wameletewa kuku. Rafiki anataka kukamua limau, mume anamzuia, anasema mimi limau silipendi. Na Maki ndoa nzima alikuwa anamkamulia limau kila akipika kuku, na jamaa alikuwa anakula akisema tamu.

Ndoa imevunjwa na limau, wakuu. Hakuna kofi wala mchepuko. Nani hapa hajawahi kukamuliwa ndimu kwenye mishkaki yake na mtu anayejifanya anamjali?

Nawasilisha. Wajuzi wa Japani tiririkeni.

#2 Kibatari

Nimeweka kambi hapa. Ila mkuu, kutuambia mume wa Bahar yu hai bila tahadhari hukututendea haki. Mke wangu bado yuko sehemu ya 20 na hivi sasa anasoma huku begani kwangu.

#3 Mkwezi wa Pongwe

Shemeji anisamehe. Hilo la mume sikusema, ni simu imeandika yenyewe.

#4 Binti Likoni

Jamani hata sisi huku Mombasa tumetapeliwa. Boys Over Flowers nimeiangalia nikiwa sekondari, CD tulikuwa tunaazimana mpaka inakwaruza, kila msichana amechagua wake kati ya wale wanne. Nikajua hao ndio Wakorea wenyewe na hadithi yao. Miaka imepita, binamu yangu akaniambia asili yake ni hadithi ya picha ya Kijapani, Hana Yori Dango, ya mama mmoja anaitwa Yoko Kamio. Wa kwanza kuifanya tamthilia wala hawakuwa Wajapani, ni Taiwani mwaka 2001, ile Meteor Garden. Wajapani wakafanya yao 2005, Wakorea 2009 ndio wakaja kutuliza sisi. Kwa hivyo yule msichana maskini na watoto wa matajiri aliimba kwa lugha tatu kabla hajafika Likoni.

Nimeiangalia ya Kijapani baadaye. Fupi, chafu kidogo, na msichana wao, Mao Inoue, ana ngumi. Yule wa Kikorea alikuwa analia sana.

#5 Fundi Saa

Wakuu mimi nipo tofauti kidogo, msinirukie.

Hadithi nakubali wanazo. Tatizo langu ni uigizaji. Nilipewa Hanzawa Naoki, nikaambiwa ndiyo iliyovunja rekodi. Nikaona watu wazima wamevaa suti, wako benki, wanatoa macho, wanatetemesha mashavu, wanapigiana kelele kama katuni. Sehemu ya mwisho kuna mzee mmoja anatakiwa apige magoti aombe radhi. Mzee yule alichukua muda kupiga magoti mpaka nikaenda kuinjika chai nikarudi bado hajafika chini. Huo ndio uigizaji? Mkorea anadondosha chozi moja la jicho la kushoto, umemaliza.

#6 Mpanda Baiskeli

Fundi Saa, hapo umegusa penyewe, ngoja nikae vizuri.

Nimesoma Nagoya miaka minne. Hiyo Hanzawa Naoki iliyokuchosha, mwaka 2013 sehemu ya mwisho ilipata asilimia 42.2 ya watazamaji eneo la Tokyo na majirani zake. Kazini watu walikuwa wanatupiana ile kauli ya Hanzawa, yule mtu wa benki, "baigaeshi da", yaani nakulipa maradufu. Sababu ni kwamba kila aliyekaa mbele ya ile runinga ana bosi wake aliyemtwika kosa lisilo lake. Yule mzee anayechelewa kufika chini, Teruyuki Kagawa, anapiga magoti kwa niaba ya mabosi wa nchi nzima. Wewe ulienda kuinjika chai, wenzako walikuwa wanahesabu kila sentimita.

Na zile sura za kutoa macho hazikutoka kwenye katuni. Zimetoka jukwaani. Kagawa ni wa ukoo wa kabuki, maigizo ya jadi ya Kijapani, na mwaka 2012, mwaka mmoja kabla, alikuwa ameingia rasmi jukwaani kwa jina la Ichikawa Chusha. Yule mkaguzi wa kodi mwenye mikogo, Ainosuke Kataoka, naye ni wa kabuki. Kabuki kuna pale mwigizaji anaganda katikati ya kisa, anakaza shingo, anazungusha macho, watu wanapiga kelele za kumshangilia. Huko hakuna anayeuliza mbona si kama maisha ya kweli. Ni kama umlaumu manju wa ngoma kwa nini haongei kawaida.

Lakini hiyo ni shule moja. Shule ya pili ni ya kunyamaza, na ndiyo ngumu zaidi. Wana neno lao, "ma", ni ile nafasi kati ya kitu na kitu, kati ya swali na jibu. Mwenye nyumba wangu, bibi wa miaka sabini na kitu, alikuwa ananiita saa 2 kamili asubuhi tuangalie tamthilia ya asubuhi ya NHK, televisheni ya umma ya kule. Dakika 15 tu, kisha kila mtu na kazi zake. Siku moja kwenye tamthilia binti anaaga nyumbani kwenda mjini. Mama yake anaosha bakuli, kampa mgongo. Binti anasema "naondoka", mama anasema "haya, jihadhari". Bakuli moja analiosha mara mbili. Basi. Mimi nikasubiri kilio, bibi ameshachukua leso. Nikamuuliza kwa nini analia wakati hakuna kilichotokea. Akanionyesha mikono ya yule mama: lile bakuli lilikuwa safi tangu mwanzo.

Tangu siku hiyo naangalia mikono.

#7 Fundi Saa

Mpanda Baiskeli nimekuelewa kwenye bakuli. Kwenye magoti bado nakataa.

#8 Mzee wa Kikuangoni

Vijana, mmezungumza mno bila kumtaja Oshin. Haya.

Mimi nilikuwa nasoma Cairo mwanzoni mwa miaka ya 90 Oshin ilipofika kule. Sisi wanafunzi wa Unguja tulikuwa tunakusanyika kwa mwenzetu mmoja mwenye runinga, vyombo havijaoshwa, mtu akikohoa anatolewa nje. Oshin ni binti wa Yamagata, mashambani, familia inakula ubwabwa ulioongezwa figili ili ujae sufuria. Akiwa na miaka 7 anapelekwa kufanya kazi ya yaya kwa malipo ya gunia moja la mchele kwa mwaka. Anatiwa kwenye chelezo, Mto Mogami, theluji inaanguka, baba yake yuko ukingoni. Wallahi nilimkumbuka dada yangu aliyepelekwa mjini kufanya kazi kwa watu, nikatoka nje.

NHK waliionyesha kuanzia Aprili 1983 mpaka Machi 1984, sehemu 297 za dakika 15 kila asubuhi. Wastani wa watazamaji kwao ulikuwa asilimia 52.6, na siku moja ya Novemba ikafika 62.9. Mwandishi ni mwanamke, Sugako Hashida. Kisha ikazunguka nchi zaidi ya 60. Iran ilipendwa kupita kiasi, wakati ule wako vitani na Iraq. Oshin akiwa mtu mzima anauza nguo, na ukoo wa mumewe unaitwa Tanokura. Wairani wakachukua jina hilo, "tanakura" ikawa ndiyo nguo za mitumba na duka lake. Fikiria na sisi mitumba ya Karume tungeiita kwa jina la tamthilia.

Sasa mkwezi, nakuongezea kitu kwenye mnazi wako. Oshin alipokuwa msichana mpaka mama wa makamo aliigizwa na Yuko Tanaka. Umemwona tena wapi? Kwenye hiyo Mother yako, ndiye yule mama aliyemtelekeza Nao utotoni. Na kwenye Woman, ndiye mama mzazi wa Koharu, aliyemwacha mwanawe akaenda kwa mwanamume mwingine. Mwanamke aliyewafundisha Wajapani nini maana ya mama mvumilivu, Sakamoto akampa mara mbili kuwa mama aliyekimbia. Kila mtazamaji wa Kijapani mwenye umri wake anapomwona pale anamwona na Oshin nyuma yake. Waturuki hawawezi kuinunua hiyo.

#9 Mkwezi wa Pongwe

Mzee shikamoo. Nimeangalia Mother mara tatu na hilo sikuliunganisha. Hapo umenimaliza.

#10 Kibatari

Kama ni hivyo, na mimi nimegundua. Koharu wa Woman ni Hikari Mitsushima. Ndiye huyo huyo anayekamua limau kwenye Quartet, na ndiye dereva wa teksi wa Sapporo, Hokkaido, kwenye First Love ya Netflix, 2022. Nimetazama picha zake nyuma mbele sikuamini. Mama mwenye njaa, binti mlala hovyo, dereva aliyepoteza kumbukumbu ya mpenzi wake wa shule. Hana sura moja dada huyu.

First Love yenyewe imetokana na nyimbo mbili za Hikaru Utada, wa 1999 na wa 2018. Sehemu 9. Mke wangu amemaliza, sasa anataka twende Hokkaido. Nimemwambia tuanze na Lushoto, baridi ipo.

#11 Mjomba Kigamboni

Swali la kizushi: kama ni wazuri hivyo mbona hatuwaoni? Mkorea yuko kila kona, hadi nywele za vijana wetu. Mturuki yuko sebuleni kila usiku kadabiwa Kiswahili. Mchina naye alikuja mapema, ile ya Doudou na mama wakwe zake TBC walituonyesha 2011 kwa Kiswahili, mpaka rais wao alipokuja Dar 2013 akaitaja kwenye hotuba. Mjapani yuko wapi?

#12 Karani wa Bandari

Mjomba, hilo swali lina majibu mengi, mimi nitatoa ya pesa.

Japani wana watu zaidi ya milioni 120. Tamthilia ikitengenezwa, matangazo ya ndani yanarudisha gharama na faida juu. Kuuza nje ilikuwa nyongeza tu, kama mwenye duka la jumla anayeombwa auze njiti moja moja za kiberiti. Korea ni milioni 51 au 52, soko la ndani halitoshi, ilibidi watoke, na serikali ikawasukuma.

Halafu haki miliki. Tamthilia moja ya Kijapani ina mwandishi wa hadithi ya picha, ina mwandishi wa tamthilia, ina mwenye wimbo, na kila mwigizaji ana kampuni inayommiliki sura. Mikataba mingi iliandikwa kwa ajili ya kuonyesha Japani pekee. Ukitaka kuiuza nje unarudi kugonga mlango mmoja mmoja, na mmoja akikataa umekwama. Kampuni moja kubwa ya wasanii, mpaka mwaka 2018 ilikuwa hairuhusu tovuti za habari kuweka picha za nyota wake. Unakuta tangazo la tamthilia kwenye intaneti, mwigizaji mkuu ni kivuli cha kijivu. Sasa utamtangaziaje mtu wa Kigamboni kivuli?

Ndiyo maana ni rahisi zaidi kwao kuuza kisa chenyewe. Mturuki analipia hadithi, anaweka waigizaji wake na wimbo wake, shida za haki zote zimekwisha. Mkwezi analalamika kwamba sifa wanachukua wengine, lakini Nippon TV kila Anne na Kadın inapotengenezwa wanalipwa. Wenyewe hawajalala njaa.

Ila tusisahau walikuwa mbele. Tokyo Love Story, Fuji TV, 1991, sehemu 11. Hiyo ilitikisa Taiwani, Hong Kong na China kabla hatujamjua Mkorea yeyote. Mwandishi ni huyo huyo Sakamoto, alikuwa na miaka 23. Inaishia kwenye kituo kidogo cha treni kando ya bahari, Baishinji, kule Matsuyama. Rika, yule mwanamke wa kisa, amemwambia mwanamume ataondoka na treni fulani, kaondoka na ya mapema yake. Jamaa anafika, anakuta leso imefungwa kwenye uzio wa kituo, imeandikwa kwaheri. Wageni mpaka leo wanakwenda kufunga leso zao pale.

#13 Binti Likoni

Kaondoka na treni ya mapema makusudi? Huyo mwanamke ni mimi.

#14 Chifu Mstaafu

Mmesahau Shogun wakuu! Emmy 18 mwaka 2024! Hiyo ndiyo Japani bora kuliko zote mlizotaja.

#15 Mpanda Baiskeli

Chifu, Shogun ni nzuri, naipenda, na sehemu kubwa wanaongea Kijapani. Hiroyuki Sanada na Anna Sawai walistahili tuzo zao. Lakini ni kazi ya FX ya Marekani, imepigwa picha Kanada. Na angalia kilichoipeleka mbali: panga, mabwana, Mzungu aliyetupwa ufukweni. Dunia ikitaka Japani inataka samurai. Japani yenyewe ikikaa jioni inataka kumwona karani wa benki, nesi, na mwanamke wa miaka 30 anayerudi kuishi na mama yake.

#16 Chifu Mstaafu

Sasa karani wa benki nimuangalie ili iweje? Nimekuwa karani miaka 31.

#17 Karani wa Bandari

Chifu wewe ndiye uliyeandikiwa Hanzawa Naoki.

#18 Dogo Janja wa Mbeya

Na Alice in Borderland hamtaji? Watu walivyomiminika kwa Squid Game ya Mkorea 2021 nikawa nawaambia Mjapani alishatoa yake Desemba 2020, watu wanaingizwa kwenye michezo, ukishindwa unakufa. Nikaitwa mbishi.

Malalamiko yangu ni kwenye kuzipata hizi za zamani. Kuna tovuti moja nilikuwa napakua, maandishi ya chini kaweka mtu wa kujitolea. Sehemu ya 9 ya One Litre of Tears maandishi yakaishia katikati, mtafsiri kaandika "samahani, nina mitihani". Binti ameshaanza kupoteza uwezo wa kutembea, mimi nabaki nasikiliza Kijapani na kulia bila kujua nalia nini. Bando nalo likakata. Nikaja kuimalizia baada ya miezi mitatu.

#19 Mzee wa Kikuangoni

Pole mwanangu. Hiyo usiimalizie usiku. Ni kisa cha kweli, shajara ya binti anaitwa Aya Kito, alifariki 1988 ana miaka 25. Mjukuu wangu ilimbidi nikae naye.

#20 Mama Chapati za Maji

Mimi nimesoma uzi wote kimya, nina genge langu natazama kwenye simu nikisubiri maji yachemke. Vilio sitaki, vya kwangu vinanitosha. Kuna ya kuanzia mtu aliyechoka?

#21 Mpanda Baiskeli

Mama, ya kwako ipo na utaicheka: Midnight Diner. Ni mama ntilie mwanamume. Anafungua saa 6 usiku, anafunga saa 1 asubuhi, kichochoro cha Shinjuku, viti havizidi dazeni. Ubaoni kuna chakula kimoja tu, supu ya nguruwe na maharage ya kuchachusha, na vinywaji. Lakini sheria ya genge ni hii: ukitaka kingine chochote sema, kama vifaa anavyo atakupikia. Kila sehemu ni dakika kama 25, inafuata mteja mmoja na chakula chake. Kuna jambazi sura ya kutisha, miwani myeusi, kila akija anaagiza soseji nyekundu zilizokatwa zikafanana na pweza, kama za kuwekewa mtoto wa shule. Hakuna anayethubutu kumcheka. Pembeni yake anakaa mzee anayependa mayai ya kukunja yenye sukari. Taratibu wanaanza kupeana, soseji moja kwa kipande kimoja cha yai. Urafiki wao umeanzia hapo.

Mwenye genge, Kaoru Kobayashi, ana kovu linapita juu ya jicho. Hatuambiwi lilitoka wapi. Kwingine wangetupa sehemu kumi za kovu.

Nguruwe ruka tu, Mama, mayai yanatosha.

#22 Mama Chapati za Maji

Huyo mwanamume namjua, sheria yake ni yangu. Mteja akitaka ugali wa muhogo saa 4 usiku na unga ninao, nampikia, nauliza baadaye. Ila mimi kovu langu wateja wote wanajua lilitoka wapi, wenyewe wanawasimulia wageni.

#23 Fundi Saa

Nimerudi. Jana nimeirudia sehemu ya mwisho ya Hanzawa, nimekaa, chai nimepika kabisa kabla. Yule mzee kabla ya kushuka anatazama wenzake wa bodi mmoja mmoja, hakuna anayemsaidia. Goti la kwanza linakataa, analishika kwa mkono. Sawa. Nakubali nusu. Lakini halafu jamaa ameshinda kila kitu, rais wa benki anamwita, sote tunajua anapandishwa cheo, anamhamishia kampuni tanzu! Ikaishia hapo hapo, uso umeganda! Muendelezo umekuja lini?

#24 Karani wa Bandari

2020.

#25 Fundi Saa

Miaka saba?! Wajapani hawa wana roho ya kutu.

#26 Chifu Mstaafu

Mimi walinihamisha hivyo hivyo, 1998, baada ya kugundua hati za malipo hazilingani. Nitaitafuta hiyo. Nani ana sehemu ya kwanza?

#27 Mkwezi wa Pongwe

Wakuu nashukuru, uzi umekuwa darasa. Nirudi kwa dada yangu.

Nilimpelekea Woman kwenye flashi, zote 11, zina maandishi ya chini ya Kiingereza, mtoto wake wa kidato cha tatu akawa anamtafsiria. Wamemaliza usiku mbili. Jana akanipigia saa 11 alfajiri. Nikadhani kuna msiba.

Ananiambia, "Hivi mama yake Koharu, yule bibi, mbona hakuomba radhi mpaka mwisho?" Nikamwambia aliomba. Akasema hakusikia. Nikamwambia arudie, aangalie pale anapopika, aangalie mikono. Kimya kirefu kwenye simu, nikadhani salio limekwisha.

Akasema, "Na mume ndiyo hajarudi kabisa?"

Nikamwambia dada, amekufa tangu sehemu ya kwanza.

Akasema, "Mwambie huyo Sakamoto wako amrudishe," akakata simu.